Uji umemuunguza mwanangu mkono, mbona mahali pamoja hapamuumi?

"Shikamoo daktari. Mwanangu ana mwaka mmoja na miezi minane. Siku nne zilizopita alivuta bakuli la uji uliokuwa umetoka jikoni muda uleule, ukammwagikia mkono wa kulia kuanzia karibu na kiwiko hadi vidoleni, na kidogo kifuani. Alikuwa amevaa sweta. Nilikimbilia maji lakini mama mkwe akanizuia, akasema maji yanaozesha jeraha la moto, tukampaka ute wa yai na dawa ya meno. Sweta tulilivua baadaye, na ngozi kidogo ikatoka nalo. Dukani kwa dawa walinipa GV, ile dawa ya maji ya zambarau, na kapsuli za rangi mbili nizifungue nimwagie unga wake. Unga nilimwagia siku ya kwanza tu, GV bado sijapaka. Sasa kifuani pamekauka na panaanza kubanduka. Mkononi malengelenge yamepasuka, pana rangi ya waridi na majimaji, akiguswa analia sana. Lakini kwenye kifundo cha mkono pana mahali peupe, pakavu, pakubwa kiasi cha sarafu ya shilingi mia mbili, na hapo nikigusa halii kabisa. Nimefurahi nikidhani ndipo palipoanza kupona. Jirani anasema nichome manyoya ya sungura nimpake. Je, niendelee kumtibu nyumbani au niende hospitali? Na kovu litabaki?"

Marahaba, mama. Pole sana wewe, na pole zaidi kwa mtoto. Naanza na jibu, maelezo yatafuata: mpeleke hospitali leo, usingoje kesho. Nenda hospitali ya wilaya au ya mkoa, si duka la dawa tena. Kama kilicho karibu nawe ni zahanati, pita hapo wamfunge jeraha na wakuandikie rufaa. Wala si malengelenge yanayomliza yanayonifanya nikuharakishe. Ni pale peupe pasipomliza.

Najua jambo hili linapingana na mawazo ya kila mzazi. Mtoto akinyamaza tunashukuru. Kwa tumbo au kichwa ni sawa kufikiri hivyo, lakini kwa jeraha la moto ukimya unaweza kuwa na maana nyingine kabisa. Ngozi ina tabaka mbili. Ya juu ni nyembamba mno, kazi yake ni kuzuia maji ya mwili yasitoke na vijidudu visiingie. Chini yake iko ngozi ya ndani, nene zaidi, na humo ndimo ilimo mishipa midogo ya damu, neva za kuhisi, mashina ya nywele na tezi za jasho. Chini ya hapo ni mafuta, kisha misuli. Ukali wa jeraha la moto hupimwa kwa kina kilichofikiwa na joto katika tabaka hizo, na ukubwa wa malengelenge peke yake hauwezi kukuambia kina hicho. Mtoto wako amebeba vina vitatu tofauti katika mwili mmoja, na ndiyo maana barua yako imenisaidia sana.

Kifuani, joto liliishia kwenye tabaka ya juu. Hapo ngozi huuma na kubadilika rangi, haitoi malengelenge, na baada ya siku chache tabaka iliyoungua hubanduka na kuacha ngozi mpya chini. Kwa kawaida wiki moja haiishi kabla hapajapona, tena bila kovu. Kutokana na ulivyoeleza, sina wasiwasi na kifua.

Sehemu kubwa ya mkono imeungua kupita tabaka ya juu hadi kuingia kwenye ngozi ya ndani, ila haikufika mbali. Dalili zake ni zilezile ulizoziona: malengelenge, majimaji, rangi ya waridi inayong'aa, na maumivu makali hata upepo ukipita. Maumivu hayo yanatuambia neva ziko hai, na neva zikiwa hai, mashina ya nywele na tezi za jasho zilizo jirani zake nazo huwa hai. Ngozi mpya huota kutoka humo. Ukifyeka majani mizizi ikabaki, shamba huchipua lenyewe. Ukilichoma hadi mizizi, huna budi kupanda upya. Jeraha la kina hiki, likitunzwa safi, hufunga ndani ya wiki mbili hadi tatu, na mara nyingi kovu lake ni dogo au halipo.

Pale kwenye kifundo ndipo mizizi yenyewe iko mashakani. Ngozi nyeupe, kavu, isiyohisi, maana yake ni kwamba joto limefika chini kabisa ya ngozi ya ndani au limeipita. Neva zimekufa, ndiyo maana halii. Mishipa ya damu nayo imeziba, ndiyo maana pamekuwa peupe. Hospitali watabonyeza mahali hapo kwa kidole na kuachia: kwenye ngozi iliyo hai rangi huondoka kisha hurudi upesi, kwenye iliyoungua sana hurudi polepole mno au hairudi kabisa. Ngozi ya namna hii inaweza pia kuwa ya kahawia, nyeusi kama imechomwa na moto wenyewe, au ngumu ukiigusa, na wakati mwingine huwa na wekundu uliotulia usiopotea hata ukibonyeza. Rangi ni nyingi, lakini zote zina ukavu na ukosefu wa hisia.

Nisisitize jambo moja kwa sababu picha nyingi za vitabuni zimepigwa kwa watu weupe. Kwa ngozi zetu, kuungua kwa juu tu huenda kusionekane kwa wekundu kabisa. Kunaweza kuonekana kama weusi uliozidi, au zambarau, au mng'ao tu, na mgonjwa anasema panawaka. Kinyume chake, lengelenge likipasuka kwa mtu mweusi, chini yake huonekana waridi au hata weupe mbichi, na ndugu wanashtuka wakidhani nyama iko nje. Waridi yenye majimaji na maumivu si ya kuogofya. Usihukumu kwa rangi peke yake, angalia pia kama pana unyevu na kama panahisi.

Huenda unajiuliza kwa nini kifundo kikaungua kuliko sehemu nyingine ya mkono huohuo ilhali uji ulikuwa uleule. Nadhani ni sweta. Ncha ya mkono wa sweta hubana kwenye kifundo, ikalowa uji na kuushikilia hapo hadi mlipolivua. Uji ni mbaya kuliko chai kwa sababu ni mzito: chai hutiririka na kupoa, uji hunata mahali ulipoangukia na huchelewa kupoa. Maji ya nyuzi joto 60 yanahitaji sekunde chache tu kuunguza ngozi ya mtu mzima hadi ndani, na yakifika 70 hata sekunde moja inatosha. Uji ulioepuliwa sasa hivi umepita hapo kwa mbali, na ngozi ya mtoto wa umri huo ni nyembamba kuliko yako. Kwa hiyo nguo iliyolowa kitu cha moto ivuliwe papo hapo, au ikatwe kwa mkasi. Ikiwa imeshikamana na nyama, iache hapo iliposhika, mwagia maji juu yake, ukate kilichobaki pembeni. Vua pia bangili, ushanga na kamba za mkononi kabla mkono haujavimba, kwa maana ukishavimba vitu hivyo hubana na kuzuia damu. Kwa mtoto mchanga usisahau nepi, nayo hushika maji ya moto.

Sasa tuzungumze kuhusu maji, maana hapa wewe ulikuwa sahihi na miguu yako ilikuwa imeshaanza kukimbilia dawa. Maji safi ya kawaida, yanayotiririka, kwa dakika 20, ndiyo huduma ya kwanza bora tunayoijua kwa mtu aliyeungua. Nasema 20 kwa makusudi. Wengi humwagia kikombe kimoja wakaona inatosha, ilhali joto lililoingia ndani ya ngozi huendelea kuunguza hata baada ya uji kufutwa. Kama hakuna bomba, mwagia taratibu kwa kata kutoka kwenye ndoo. Hata ukichelewa, maji bado yanasaidia ndani ya saa tatu za mwanzo.

Yanasaidiaje? Mwaka 1953 daktari mpasuaji Mwingereza, Douglas Jackson, alieleza kwamba jeraha la moto lina maeneo matatu. Katikati ni nyama iliyokwisha kufa, hiyo hairudi. Pembeni kabisa ni eneo lililokasirika tu, hilo litapona. Kati ya hayo mawili kuna eneo ambalo damu inapita kwa shida, na ndani ya siku mbili tatu zinazofuata linaweza kupona au kufa. Vita yetu yote iko hapo. Maji hutoa joto, hupunguza uvimbe na maumivu, na kuliokoa eneo hilo lililo kati ya hayo mawili. Likikosa damu, likipata uchafu, au mtoto akikaukiwa maji mwilini, linakufa na jeraha linaingia ndani zaidi kuliko siku ya kwanza. Ndiyo sababu hata sisi hatukubali kutaja kina cha jeraha kwa uhakika saa ile ile mtu anapoletwa. Tunalitazama tena baada ya siku mbili au tatu. Huenda pale kwenye kifundo siku ya kwanza hapakuonekana tofauti na kwingine.

Imani ya kwamba maji yanaozesha jeraha la moto nimeikuta kila mahali nilipofanya kazi, na naelewa inakotoka. Mtu huungua, anamwagiwa maji, kesho anaamka na malengelenge yaliyojaa maji, basi inaonekana maji yameingia. Ukweli ni kwamba yale yametoka ndani: mishipa midogo iliyochomwa huvuja, na majimaji yake hukusanyika chini ya tabaka ya juu ya ngozi. Lengelenge lingetokea hata usingemwagia tone. Kinachoozesha jeraha ni vijidudu. Barafu ndiyo siipendi, maana hubana mishipa ya damu na kuua eneo lile lile tunalotaka kuliokoa. Na kwa mtoto mdogo aliyeungua eneo kubwa, poza jeraha lakini mfunike kwingine kote kwa blanketi au kanga, kwa kuwa hupoteza joto la mwili haraka. Kwa siku ya nne uliyopo sasa, kumpoza hakutabadilisha kitu tena, wala usijilaumu kwa hilo. Mweleze mama mkwe kwa upole. Alitaka kumwokoa mjukuu wake kwa njia aliyofundishwa, na akielewa sababu yeye ndiye atakayewafundisha wengine hapo nyumbani.

Ute wa yai mbichi unaweza kubeba bakteria na kuwapeleka mahali ambapo mlango umebomolewa. Dawa ya meno huleta ubaridi mdomoni mwa jeraha kwa dakika chache, kisha inakauka, inashika joto ndani, na kuibandua ni mateso. Unga wa ngano, tope, kinyesi cha ng'ombe, majivu, mafuta ya kupikia, vyote ni hivyohivyo au vibaya zaidi. Udongo na kinyesi vinaweza kuleta pepopunda. Manyoya ya sungura yaliyochomwa ninaulizwa kila mara, na najua watu watakuapia kwamba yamewaponya. Wengi wao walikuwa na jeraha la kina cha lile la kifuani au la mkononi, ambalo lingepona lenyewe kwa wiki mbili hata bila kupakwa kitu, na sifa ikaenda kwa sungura. Kwenye jeraha lililozama kama la kifundo, manyoya hayo yatakuwa uchafu mweusi unaoficha usaha. Tafadhali usimpake.

Asali ni tofauti kidogo, na ningekudanganya kama ningeiweka kapu moja na dawa ya meno. Asali iliyosafishwa maalumu kwa vidonda hutumika hospitalini, na kwa majeraha yasiyozama sana inafanya kazi vizuri. Lakini haichukui nafasi ya maji katika dakika zile za mwanzo, na asali ya kununua barabarani huwezi kujua imechanganywa na nini. Kwa jeraha lililo kiganjani mwa mtoto, waachie wanaolitazama waamue.

GV nashukuru hukuipaka. Ina nguvu ya kuua baadhi ya vijidudu, lakini inalipaka jeraha zambarau, na mimi nikiletewa mtoto aliyepakwa GV siwezi kutofautisha waridi na weupe, yaani siwezi kujua palipozama ni wapi. Unga wa kapsuli nao huganda ukawa gamba, chini yake usaha unakaa kwa raha, na kiasi cha dawa kinachoingia hakijulikani. Wala antibaotiki za kunywa hazitolewi kwa kila aliyeungua. Jeraha safi halizihitaji. Hutolewa zinapoonekana dalili za maambukizi.

Sababu nyingine ya kukutuma hospitali ni mahali palipoungua na umri wa mtoto. Kiganja cha mgonjwa mwenyewe, pamoja na vidole vyake, ni takriban asilimia 1 ya ngozi ya mwili wake. Pima kwa kiganja cha mtoto, si chako. Mtoto aliyeungua zaidi ya viganja vyake vitano apelekwe hospitali hata kama jeraha ni la juu juu kwa kuonekana, na akifika asilimia 10 anahitaji kulazwa na kuwekewa dripu, kwa sababu maji yanayovuja kupitia jeraha yanaweza kumwishia mwilini. Mkono wa mwanao, kuanzia karibu na kiwiko hadi vidoleni, ukijumlisha na kifua, unaweza kukaribia viganja vitano au kuvipita. Halafu kuna sehemu ambazo hatupimi ukubwa, tunapeleka tu: uso, viganja, nyayo, sehemu za siri na viungo vinavyokunjika. Kwake kiganja kimo, vidole vimo, kifundo kimo.

Hupelekwa pia bila kujadiliana mtu aliyeungua kwa umeme, kwa tindikali au kemikali nyingine, au aliyevuta moshi ndani ya chumba kilichofungwa. Umeme huacha kidonda kidogo juu na uharibifu mkubwa chini, na unaweza kuvuruga mapigo ya moyo. Aliyevuta moshi, ukiona masizi puani, sauti imekwaruza, nywele za puani zimeungua, usimngoje apumue kwa shida, njia ya hewa inavimba kwa ndani. Jeraha lililouzunguka mkono au mguu pande zote ni la haraka vilevile, kwa kuwa ngozi iliyokufa hainyumbuki, uvimbe ukija inabana hadi damu isipite. Tazama vidole vya mwanao sasa hivi: vikiwa vya baridi, vimepauka au vimevimba sana kuliko jana, hiyo ni dharura ya dakika hii. Wazee, wenye kisukari na wajawazito nao wapelekwe mapema. Na mwenye kifafa aliyeangukia motoni asiachwe hata kidogo, wala msiogope kumgusa. Povu lake haliambukizi, na katika vijiji vyetu watu wameungua vibaya kwa sababu tu waliowazunguka waliamini linaambukiza.

Kuna hatari moja ambayo wazazi wengi hawajaisikia, nami nataka uijue hata kama mtoto anaonekana mchangamfu. Kwa watoto wadogo, jeraha la moto hata liwe dogo na lionekane safi linaweza kukaliwa na bakteria wanaotoa sumu inayoingia kwenye damu. Hutokea zaidi katika siku za mwanzo baada ya kuungua, yaani siku hizihizi mlizomo. Mtoto hupata homa ya ghafla, upele mwilini, anatapika au kuharisha, analegea, hataki kucheza. Ni rahisi kudhani ni malaria au meno. Ukiona hayo, mwambie mhudumu neno la kwanza kabisa kwamba mtoto ameungua siku nne zilizopita, halafu ndiyo utaje homa. Dalili za kawaida zaidi za maambukizi ni harufu mbaya, usaha, wekundu au weusi unaosambaa kwenye ngozi nzima jirani na jeraha, na maumivu yanayoongezeka baada ya kuwa yamepungua.

Kabla hujatoka nyumbani, mpe parasetamoli ya maji kwa kipimo cha uzito wake, miligramu 15 kwa kila kilo. Kama ana kilo 11 hiyo ni miligramu 165, na usizidishe mara nne kwa siku. Soma chupa kwanza, kwa maana zipo zenye nguvu tofauti. Aspirini usimpe mtoto. Mnyonyeshe kama bado ananyonya, mpe na vinywaji mara kwa mara. Usipasue malengelenge yaliyobaki. Usipake kitu chochote kingine. Mfunike mkono kwa kitambaa safi kisichotoa nyuzi, kipande cha kanga kilichofuliwa na kupigwa pasi kinafaa, ukipitisha kati ya kidole na kidole ili vidole vibichi visigusane, kwa sababu vikigusana vikiwa vibichi vinaweza kuota pamoja. Pamba usitumie, inanata. Mbebe mkono ukiwa juu ya kifua chake badala ya kuning'inia.

Beba kadi yake ya kliniki. Watataka kujua kama alimaliza chanjo za wiki ya 6, 10 na 14, kwa sababu ndani yake imo kinga ya pepopunda. Kwa sera ya Tanzania mtoto wa chini ya miaka mitano hatozwi matibabu katika vituo vya serikali. Najua kwenye dirisha la dawa mambo huwa tofauti wakati mwingine. Ukikwama, uliza ofisi ya ustawi wa jamii ya hospitali hiyo, usigeuze njia kurudi nyumbani.

Hospitalini watampa dawa ya maumivu, watauosha mkono, wataondoa ngozi iliyokufa inayoning'inia, kisha watafunga kila kidole peke yake. Kwenye sehemu ya waridi, shashi yenye mafuta inayobadilishwa kila baada ya siku chache ni nzuri, kwa sababu haing'oi ngozi changa inayoota. Hospitali nyingi hutumia krimu nyeupe ya silva. Si dawa mbaya, inazuia maambukizi, lakini kwa jeraha lisilozama inaweza kuchelewesha kupona na inahitaji kubadilishwa kila siku, jambo ambalo kwa mtoto ni kilio cha kila siku. Wakiwa na shashi ya mafuta, si kosa kuomba itumike mkononi na krimu ibaki pale palipozama. Uliza kwa heshima, wauguzi wazuri hupenda mzazi anayeuliza.

Kuhusu kifundo, kuna njia mbili na sitakuficha hata moja. Mahali padogo kiasi hicho panaweza kuachwa pafunge penyewe kutokea pembezoni. Haina upasuaji, haina usingizi wa dawa, ila inachukua wiki nyingi, na jeraha linalofunga hivyo hufunga kwa kuvuta ngozi ya jirani kuelekea katikati. Lingekuwa pajani, ningesema subirini. Kwenye kifundo, mvuto huo unaweza kuukunja mkono usiweze kunyooka, na kadiri mtoto anavyokua mifupa hurefuka lakini kovu halirefuki nayo. Njia ya pili ni kuondoa ngozi iliyokufa na kupandikiza kipande chembamba kinachochukuliwa kwake mwenyewe, mara nyingi pajani, ambako hupona kama jeraha la juu juu. Anayefaa kuamua ni daktari mpasuaji aliyeushika mkono huo. Ninachokuomba ni usikubali kuambiwa tu "endelea kusafisha" hadi mwezi uishe. Kidonda cha moto ambacho hakijafunga kwa wiki tatu kinastahili kuonwa na mpasuaji, na kama hospitali yako haina, omba rufaa kwenda kwenye kubwa zaidi: Muhimbili ya Dar es Salaam, KCMC ya Moshi au Bugando ya Mwanza, kutegemea ulipo. Usiogope neno upasuaji. Huo ni mdogo ukilinganisha na ule wa kunyoosha mkono uliokwisha kukunjika baada ya miaka mitano.

Swali lako la mwisho, la kovu. Kifuani sitarajii. Mkononi, ngozi mpya itakuwa ya waridi au iliyofifia kwanza, na rangi yake itarudi polepole kwa wiki na miezi, pengine ikapitiliza ikawa nyeusi zaidi kabla ya kulingana. Hakuna krimu ya kurudisha rangi haraka, na zile za kuchubua zitamharibu. Kifundoni kovu litabaki, nakuambia ukweli, ila ukubwa wake na ubaya wake unategemea sana wiki zinazokuja. Makovu ya moto yanaweza kuinuka na kuwa magumu kwa miezi kadhaa ya mwanzo, yanawasha sana, kisha hulainika taratibu kwa mwaka mmoja hadi miwili. Ngozi ikishafunga kabisa, si kabla, ipake mafuta ya mgando yasiyo na manukato mara kadhaa kwa siku ukiikanda kwa kidole gumba, na mkinge na jua kwa nguo ya mikono mirefu. Kata kucha zake ziwe fupi, akiwashwa usiku atajikuna hadi kutoa damu.

Omba pia kumwona mtaalamu wa viungo mapema, hata kabla jeraha halijafunga. Mtoto aliyeungua mkono hujikunja mahali pasipomuumiza, na hapo ndipo kovu litakapomfungia. Huenda wakamtengenezea kibao chepesi cha kuunyoosha mkono anapolala, na mchana wakakuonyesha namna ya kumfungulia vidole na kuukunja na kuunyoosha mkono. Atalia mwanzoni, mpe parasetamoli nusu saa kabla ya zoezi. Mpe vitu vya kushika kwa mkono huohuo wa kulia, kijiko, mpira, kipande cha muhogo. Jikoni usimzuie kukaa karibu na ninyi, ila wekeni mafiga au jiko nyuma ya kizuizi asichoweza kukipita, na uji upoe juu ya kitu kirefu kuliko mkono wake anapounyoosha.